Fundi Salehe, Mashine Zimewaka Bila CD

Segese, siku ya tatu baada ya Idi

Fundi wangu, Baba Zuhura,

Shikamoo. Kwa miaka sita sikuwahi kuanza siku na wewe kwa neno lingine, na leo mkono umekataa kuanza vingine. Nina habari, na nisipokwambia wewe nitapasuka.

Zimewaka! Zote tatu! Bila CD hata moja ndani. Yaani jicho la kusomea CD limekufa, kisahani hakizunguki, huko ndani kimya kabisa, halafu kwenye skrini wachezaji hao wanaingia uwanjani! Siku ile ya kwanza nilipiga kelele mpaka mama wa mgahawa wa jirani akaja mbio na mwiko mkononi, akidhani nimepigwa shoti. Nikamkumbatia na unga wake wote.

Najua ungekuwepo ungenikatiza. "Minza, eleza kwa mpangilio. Tatizo kwanza, furaha baadaye." Haya, tatizo.

Ulipoondoka, mashine ya gemu ya dirishani ilikuwa bado inasoma CD tukiigeuza juu chini. Ya katikati ilikuwa inasoma moja kati ya tano. Ya ukutani ulikuwa umeshaifungua mwenyewe mara tatu, umefuta jicho kwa pamba na spiriti, umelisogeza kidogo, umelirudisha, na bado ikawa inatuandikia kwamba haioni kitu. Wiki ya pili baada ya mazishi, ile ya katikati ikafa. Ya dirishani ikafuata kabla mwezi haujaisha. Nikabaki na chumba chenye televisheni tatu, pedi sita na benchi tupu. Wachimbaji walikuwa wanachungulia mlangoni na kuondoka. Chacha tu, yule wa Tarime mwenye sauti ya kuita ng'ombe, ndiye aliyeendelea kuja kila akipanda kutoka shimoni, vumbi lote mwilini, anauliza, "Dada Minza, macho yamepona?" Namjibu bado. Anakaa dakika kumi kwenye kiti chako kisha anakwenda kuoga.

Mama Zuhura alikuwa ndani kwenye eda. Kila mchana nilikuwa nampelekea habari za chumba, na kila siku habari zilikuwa zilezile. Siku moja akaniambia, bila hasira, huku anachambua mchele, "Minza mwanangu, Idi ikipita nafunga. Zuhura ananiita Ujiji nikakae naye. Hizo mashine uwape watu wa chuma chakavu, angalau mahali papungue uchafu."

Chuma chakavu, Fundi! Zile mashine nyeusi ulizozileta wewe kutoka Dar zimefungwa kwenye mashuka kama watoto.

Nilimwambia, "Mama, naomba unipe mpaka hiyo Idi." Akasema, "Nakupa. Lakini usijidanganye."

Sasa kuna jambo ambalo sikuwa nimemwambia mtu yeyote. Wewe unalijua, maana ulikuwepo.

Ijumaa ile. Nilikuwa nimesoma kwenye simu kwamba mashine hizi za zamani zinaweza kucheza gemu kutoka kwenye flashi, au kwenye hadi diski, jicho likifa likafie mbali. Nikaja na maneno hayo nimejaa kama puto. Na wewe ulikuwa umeinamia jicho la ile ya ukutani kwa saa mbili, jasho linakudondoka puani. Ukasema mashine iliyotengenezwa isome CD itasoma CD. Nikabisha. Ukasema kile kitundu cha mbele cha kuchomekea flashi ni chembamba, hakiwezi kupitisha gemu nzima. Nikabisha. Watu wakaacha kucheza wakatugeukia. Ukasema, "Ukitaka kuua mashine, nunua ya kwako uiue." Na mimi, na mdomo huu wangu, nikakujibu, "Basi ngoja zife zenyewe." Nikaweka bisibisi mezani nikatoka. Jumamosi sikuja, makusudi, nikujulishe kwamba nimekasirika. Jumapili nikaenda kanisani. Jumatatu alfajiri simu yangu ikaita, namba ya Mama Zuhura, na aliyeongea hakuwa Mama Zuhura, ni jirani. Presha, akasema. Amemaliza kuswali, akakaa, basi.

Neno langu la mwisho kwako ni "zife". Nimelala nalo hilo, Fundi. Msibani niliosha vyombo vya watu wote ili mikono ipate kazi.

Kwa hiyo unaelewa kwa nini sikuweza kuziacha zife.

Shida ya kwanza ilikuwa kuku na yai. Ili mashine icheze bila CD inahitaji memori kadi yenye programu ndani. Ukiwasha, inasoma kadi kwanza, inakufungulia orodha ya gemu. Lakini ili kuiweka hiyo programu kwenye kadi, unahitaji mashine ambayo tayari inaweza. Zangu zote vipofu. Nikazunguka Segese yote, kila chumba cha gemu. Wengine wananicheka, wengine wanazo mashine mpya hawataki hata kusikia. Chacha ndiye aliyeniokoa. Akaja siku moja, kabla ya kukaa akasema, "Kuna jamaa tulikuwa naye duarani, shimo moja la dhahabu, sasa anavua samaki Nkome. Anasema kule kuna mama ana gemu hazitumii CD. Anaitwa Devota."

Kesho yake asubuhi nilikuwa kwenye gari la Geita, kadi tupu mbili kwenye sidiria zisije zikaibiwa.

Fundi, hukuwahi kufika Nkome. Ungepapenda. Dagaa wametandazwa mchangani mpaka unakosa pa kukanyaga, na vijana wanaovua usiku mchana wote hawana la kufanya. Wamejaa kwa Devota! Chumba cha mabati, joto kama tanuri, mashine mbili kama zetu kabisa. Nikasimama mlangoni nikaangalia nyuma ya mashine, nikaangalia mbele. Hakuna CD.

Devota ni mtu mzima, mnene, kanga kiunoni, ana sauti ndogo ambayo vijana wote wanaitii. Nikamwamkia, nikamweleza. Akaniangalia tangu viatu mpaka kichwani. "Umetoka Segese kwa ajili ya memori kadi?" Nikasema ndiyo. "Basi kaa ule kwanza. Mtu mwenye njaa ananakili vibaya."

Nikala sangara mzima. Akachomeka kadi zangu, moja baada ya nyingine, pembeni ya yake, akabonyeza, tukasubiri ule mstari ujae. Nikamuuliza nimpe nini. Akanisukumia boksi la pedi zilizokufa vitufe. "Zikague hizo tu." Nikaomba kisu, pamba na chuma cha kuchomelea. Nilifungua nne, nikasafisha mipira ya vitufe, moja nikaunganisha waya uliokatika kwa risasi ya kuchomelea, kwa ule mtindo wako wa kupasha waya kwanza, siyo risasi. Zote nne zikapona. Devota akaishika ile niliyochomelea akaigeuza kwenye mwanga. "Nani kakufundisha?"

Nikasema, "Fundi Salehe wa Segese."

Sikuongeza marehemu. Nisamehe, au labda hakuna cha kusamehe. Nilitaka kwa dakika moja uwe fundi wa Segese tu, aliye hai, mwenye mwanafunzi safarini.

Wakati naondoka Devota akanionya. "Flashi inafaa kwa mpira. Gemu zenye sinema nyingi zitakwama kwama, sauti itakatika. Kile kitundu chembamba." Nikasimama pale mlangoni nikacheka peke yangu. Ulisema kweli, mzee! Ulisema kweli tangu Ijumaa ile.

Lakini subiri, na mimi nilisema kweli.

Nilirudi nikaingia kazini. Nikawasha ile kompyuta yako ya mezani, ile inayonguruma, maana ndiyo yenye mlango wa CD uliobaki mzima katika nyumba yote. Nikaanza kuzinakili CD zako moja moja ziwe mafaili. Nyingine ziliingia vizuri. Nyingine zilikuwa zimechubuka kama magoti ya mtoto, kompyuta inafika nusu inakataa. Nikazipaka dawa ya meno, nikazisugua kwa kitambaa kutoka katikati kwenda nje, nikaziosha, nikarudia. Ile ya mashindano ya magari niliisugua mara saba. Mara ya nane ikapita. Siku moja umeme ulikatika ikiwa imebaki kidogo sana faili limalizike, nikakaa sakafuni nikaimba wimbo wa kanisani wote, beti zote, mpaka ukarudi. Nikaanza upya.

Flashi mbili nikazijaza mpira na gemu nyepesi. Gemu nyingine ilikuwa kubwa kuliko flashi inavyokubali kwa faili moja, ikabidi niikate vipande, na mashine inaviunga yenyewe. Nikachomeka moja ya zile kadi za Nkome, nikachomeka flashi, nikawasha ile ya dirishani. Skrini nyeusi. Nyeusi. Nyeusi. Kisha orodha! Majina ya gemu zetu kwa maandishi meupe! Hapo ndipo nilipopiga zile kelele, na mama wa mgahawa akaja na mwiko.

Kutoka kadi hiyo nikanakili kadi zetu mbili za zamani, na ya katikati ikafuata siku hiyohiyo. Mpira unateleza kama maji. Sinema ya mwanzo ndiyo inakwama kwama, mtangazaji anaongea kama mwenye kigugumizi, lakini wachimbaji gani wanaoangalia sinema ya mwanzo?

Ya ukutani ndiyo niliyoitaka zaidi. Ile uliyokuwa umeinamia.

Unakumbuka kile kipande cha nyuma kilichokuja nayo, cha kuchomekea waya wa mtandao? Ulikuwa ukisema ni pambo, wazungu wanapenda kujaza nafasi. Siyo pambo, Fundi! Hapo hapo nyuma yake kuna nafasi ya hadi diski nzima, na kuna tundu pana la kuichomekea. Pana, siyo kile kitundu cha mbele. Ile kompyuta iliyokufa uliyokataa kuitupa, niliifungua tumbo, nikatoa hadi diski yake, ile ya zamani yenye meno mengi. Nikaifunga kwanza ndani ya kompyuta yako inayonguruma, nikahamishia gemu zote, kubwa na ndogo, kazi ya siku mbili. Nikaitoa, nikaisukuma nyuma ya mashine ya ukutani, nikakaza skrubu, nikawasha.

Hakuna kitu. Mashine inasema haina diski.

Nikazima, nikawasha. Hakuna. Nikatoa, nikafuta meno, nikarudisha. Hakuna. Nikapandwa na hasira, nikaanza kuitukana, na katikati ya tusi nikasikia sauti yako vile ulivyokuwa ukiniambia nikiwa mgeni hata wiki sijamaliza: "Kabla hujaitukana mashine, angalia pini." Nikaitoa tena. Nyuma ya ile hadi diski kuna vile vipini vidogo vyenye kofia ya plastiki. Kofia ilikuwa imekaa mahali pa diski ya pili. Nikaivuta kwa kibanio cha nyusi, nikaihamishia mahali pa diski ya kwanza. Nikairudisha. Nikawasha.

Mayo, mama yangu! Gemu ishirini na tatu kwenye orodha moja. Nikajaribu ile yenye sinema ndefu kuliko zote. Haikukwama hata mara moja. Sauti safi, picha safi. Hapo sikupiga kelele. Nilikaa kwenye kiti chako nikalia, halafu nikacheka, halafu Chacha akaingia na vumbi lake akanikuta hivyo, akauliza nani tena amekufa. Nikamwonyesha skrini. Yeye ndiye aliyepiga kelele safari hii, nyumba ikatikisika.

Sasa sikiliza hili.

Nilikuwa nazipanga memori kadi za zamani, nikaikuta yako, ile ya kijivu. Nikaichomeka tundu la pili, nikafungua mpira. Ligi yako ipo, Fundi! Ile uliyokuwa unaicheza peke yako mchana wateja wakiwa wachache, ukijifanya unajaribu pedi. Jina lako limeandikwa juu. Timu ndogo ile uliyoipandisha daraja. Unaongoza kwa pointi mbili, zimebaki mechi nne. Imesimama pale pale ulipoiacha, kana kwamba umetoka kwenda kununua soda.

Sikuigusa. Nilizima haraka kama mtu aliyefungua mlango wa chumba cha mkubwa.

Eda ikaisha. Siku ya Idi, baada ya pilau, Mama Zuhura akaja mwenyewe chumbani, mara ya kwanza tangu ulipoondoka. Amevaa dera jipya la bluu. Akakuta benchi limejaa, watu wamesimama ukutani, mashine tatu zinawaka. Akaangalia milango ya CD, mmoja mmoja, yote imefungwa. Kisha akaniuliza polepole, "Zinasomea wapi?" Nikamwonyesha. Nikamweleza kwa mpangilio, tatizo kwanza.

Na hapo, sijui ni Idi au ni nini, nikamtoa nje kwenye kibaraza nikamwambia lile jingine. Ijumaa ile. "Ngoja zife zenyewe." Nilidhani atakasirika.

"Nilijua," akasema. "Alikuja nyumbani hakula. Anazunguka sebuleni anaongea peke yake, flashi, flashi. Nikamuuliza kuna nini. Akasema, Minza asipokuja Jumatatu nitamfuata kwao, maana hapa Segese hakuna mwingine wa kubishana naye."

Ungenifuata kwetu, Fundi! Na viatu vyako vile vya kanzu, njia yote ile ya tope! Mama yangu angekupa maziwa ya mgando ukayakataa. Nimekuwa nikiiona hiyo picha tangu siku hiyo, na kila nikiiona nacheka.

Tukarudi ndani. Mama Zuhura akaketi mbele ya mashine ya ukutani. Akasema, "Na mimi nijaribu. Miaka yote hii sijawahi kushika." Nikafungua ligi yako. Sijui kwa nini. Labda nilitaka aone jina lako. Alipoliona akaligusa kwenye kioo kwa kidole, kisha akaniamuru, "Anzisha."

Fundi, ilikuwa balaa. Balaa kubwa! Hajui kulia wala kushoto. Kipa ametoka mpaka katikati ya uwanja. Beki anapiga mpira golini kwake, Mama Zuhura anashangilia, "Limeingia!", na chumba kizima kinapiga kelele, "Mama, hilo ni goli letu wenyewe!" Chacha amepiga magoti pembeni yake anamfundisha kwa sauti ile, "Duara, Mama! Bonyeza duara!" na yeye anabonyeza vitufe vyote kwa pamoja. Anacheka. Mama Zuhura anacheka mpaka ushungi umeanguka mabegani, machozi yanamtoka, anajifuta kwa mkono wenye pedi na mchezaji anakimbia peke yake kuelekea kwenye bendera ya kona.

Tano bila. Timu yako imefungwa tano bila, nyumbani, na mkeo.

Skrini ikauliza tuhifadhi au la. Nikaichukua pedi upesi. Nikamwambia, "Mama, tukizima sasa hivi haitaingia. Baba Zuhura bado atakuwa anaongoza."

Akanyoosha mkono akaniomba pedi.

"Hifadhi," akasema. "Amecheza peke yake vya kutosha."

Akabonyeza mwenyewe.

Jana amempigia Zuhura, akamwambia Ujiji atakwenda kusalimia, kisha atarudi, ana mechi. Chumba hakifungwi. Kadi ya pili niliyotoka nayo Nkome nimeiweka kando kwa ajili ya atakayekuja kutoka mbali na mashine kipofu, nami nitamlisha kwanza kabla ya kunakili, kama nilivyolishwa.

Basi, Fundi wangu, Mungu akupe nafasi pana huko uliko. Pumzika. Mimi nipo. Umeshuka mpaka nafasi ya pili, na kwa mkono wa Mama Zuhura sioni ukipanda tena. Lakini nakuahidi mechi tatu zilizobaki zitachezwa, zote, na yeye, mchana, watu wakiwepo, na kila moja itahifadhiwa. Ligi yako itaisha, hata ikiisha vibaya.

Mwanafunzi wako mbishi,

Minza